Kubana Si Kufupisha

Sisi tuliosoma Kiswahili shuleni nchini Uganda tulifundishwa mapema kanuni moja ya insha: usirudie neno. Ukiandika "nyumba" katika sentensi ya kwanza, ya pili iwe na "makazi" na ya tatu "maskani". Anayerudia neno huonekana maskini wa msamiati, na alama humkimbia. Kanuni hiyo imetusaidia, kwa sababu wengi wetu Kiswahili si lugha yetu ya mama, na kutafuta visawe kumetulazimisha kufungua kamusi. Katika insha hii, hata hivyo, nataka kuonyesha mahali ambapo kanuni hiyo inaweza kumdhuru msomaji. Mahali penyewe ni maandishi ya kiufundi, na mfano wangu ni ukurasa mmoja unaohusu mafaili ya video.

Tulipokuwa mwaka wa pili, katika somo la semantiki, mhadhiri wetu alitupa zoezi la kikundi. Kila kikundi kichague maandishi mafupi ya kiufundi, kiyaandike upya kwa kutumia visawe, kisha kieleze darasani kama maana imebaki ileile. Kikundi chetu kilikuwa na watu wanne. Tulichagua ukurasa niliokuwa nimeuandika wakati wa likizo kwa ajili ya duka la ssenga wangu, yaani shangazi, ambaye hurekodi na kuhariri video katika mtaa wa Katwe, Kampala. Kwa kuwa maandishi ya asili yalikuwa yangu, wenzangu watatu walichukua kazi ya kuyaandika upya, kila mmoja kivyake, nami nikapewa kazi ya kuhakiki.

Lazima nieleze kwa nini ukurasa huo uliandikwa kwa Kiswahili. Shangazi huongea Kiganda na Kiingereza. Wanagenzi wake wawili ni vijana waliotoka mashariki mwa Kongo. Walisoma kwa Kifaransa, na lugha wanayokutana nayo na wateja na majirani ni Kiswahili. Programu za kuhariri video dukani ziko kwa Kiingereza. Kwa hiyo Kiswahili ndicho daraja kati ya mwenye duka, mashine na wanagenzi. Mwaka 2022 Baraza la Mawaziri la Uganda liliidhinisha Kiswahili kuwa lugha rasmi, na bado wapo wanaouliza kitatumika wapi hapa Kampala. Dukani kwa shangazi kinatumika kila asubuhi, na kinatumika kwa jambo zito. Duka hilo hurekodi arusi, sherehe za kuwatambulisha wachumba ambazo Waganda huziita kwanjula, na maziko. Arusi huwa na wapiga picha wengi. Maziko mara nyingi huwa na mmoja tu, na kadi moja tu ya kamera. Kadi hiyo ikiharibika, sauti ya mzee wa ukoo akisimulia maisha ya marehemu haipatikani tena popote.

Shangazi aliposikia kwamba wanafunzi wa chuo kikuu wanaandika upya ukurasa wake, alifurahi. Aliniambia, "Wakimaliza, niletee huo wenye Kiswahili kizuri, niubandike ukutani badala ya huu." Hapo ndipo zoezi lilipoacha kuwa la alama peke yake. Nikaamua kwamba kuhakiki hakutafanyika kwa kamusi tu. Nilichukua matoleo yote matatu hadi dukani, shangazi akatutengea video ya majaribio ambayo haikuwa ya mteja, na mwanagenzi mmoja akakubali kufuata kila toleo neno kwa neno, kama vile hajawahi kuifanya kazi hiyo. Mimi nilikaa pembeni na daftari.

Neno la kwanza kutupa somo lilikuwa "bana". Ukurasa wa asili ulisema: "Bana video mpaka itoshe kwenye flashi." Toleo moja lilisema "punguza video", la pili "finya video", la tatu "fupisha video". Kijana alipofika kwenye "fupisha" alifungua programu, akatazama, akauliza, "Dada, nikate mwanzo au mwisho?" Swali lake lilikuwa sahihi kabisa. Kufupisha hotuba ni kuondoa maneno, na kufupisha suruali ni kukata kitambaa. Video ya saa mbili iliyofupishwa ni video ya saa moja na nusu. Kuna mtu aliyezungumza ambaye hatasikika. Video iliyobanwa hubaki na saa zake mbili, ila hubeba data kidogo zaidi.

Ili nieleze tofauti hiyo darasani, ilinibidi kwanza niielewe mwenyewe. Kuuliza si ujinga. Niliuliza, nikasoma, nikapiga hesabu. Picha moja ya video yenye pikseli 1920 kwa 1080 ina pikseli 2,073,600. Kila pikseli ikihifadhi rangi zake kwa baiti 3, picha hiyo moja inachukua baiti 6,220,800. Kwa sekunde moja zinapita picha 25, kila moja ikiitwa fremu, hivyo sekunde moja ingehitaji zaidi ya megabaiti 155, na dakika moja zaidi ya gigabaiti 9. Flashi ya kawaida ingejaa kabla mchungaji hajamaliza sala ya kufungua.

Kubana ndiko kunakookoa. Mtu akisimama mbele ya kipaza sauti akizungumza, ukuta ulio nyuma yake hausogei. Hakuna haja ya kuuandika ukuta huo mara 25 kwa sekunde. Mtambo huhifadhi fremu moja kamili, kisha kwa fremu zinazofuata huhifadhi zaidi yale yaliyobadilika: midomo, mikono, kivuli cha mti. Huacha pia baadhi ya vitu vidogo ambavyo jicho la binadamu haliwezi kuvitambua kwa urahisi. Kwa njia hiyo zile megabaiti 155 za sekunde moja zinaweza kushuka hadi megabaiti 1, na mtazamaji akaona picha nzuri. Hakuna hata sekunde moja ya tukio iliyokatwa. Neno "fupisha" linaificha kazi hii yote, na linamwelekeza mfanyakazi kwenye mkasi.

"Punguza" nalo lilionekana salama mpaka tulipofika kwenye flashi yenyewe. Flashi nyingi zinazoletwa na wateja zimepangwa kwa mfumo uitwao FAT32, na mfumo huo haupokei faili moja linalofika gigabaiti 4, hata kama flashi ina nafasi tele. Video ya saa mbili inayotumia megabiti 8 kwa sekunde huwa na takribani gigabaiti 7.2. Mwanagenzi akiambiwa "punguza", ana njia tatu. Anaweza kuibana zaidi, kwa mfano hadi megabiti 4 kwa sekunde, ikawa kama gigabaiti 3.6 na ikaingia. Anaweza kuigawa vipande viwili na ubora ukabaki vilevile. Anaweza kuifupisha kwa kukata sehemu. Zote tatu ni kupunguza, na kila moja ina matokeo yake. Familia inayotaka kila neno la maziko haitakubali ya tatu, na yenye televisheni kubwa huenda isifurahie ya kwanza. Neno pana likichukua nafasi ya neno finyu, uamuzi wa mwenye duka unahamia kwa mtu ambaye hakupewa uamuzi huo.

Ona pia kwamba nimeandika "megabiti" na "megabaiti". Katika toleo mojawapo maneno hayo yalifanywa kuwa kitu kimoja, kana kwamba ni matamshi mawili ya neno lilelile, kama vile mtu anavyosema "arusi" na mwingine "harusi". Lakini baiti moja ni biti 8. Anayeambiwa megabiti 8 kwa sekunde atatoa faili la gigabaiti 7.2 kwa saa mbili. Anayeambiwa megabaiti 8 atatoa faili la gigabaiti 57.6. Irabu zimebadilika kidogo tu na faili limekua mara nane.

Jaribio la pili lilinifanya nishike kalamu vizuri zaidi. Ukurasa wa asili ulisema: "Nakili mafaili yote kutoka kwenye kadi hadi kwenye diski. Fungua mawili uyatazame. Usifute kadi mpaka mwenye duka aseme." Toleo moja lilibadilisha "nakili" likaweka "hamisha". Katika mazungumzo ya kawaida tofauti ni ndogo; mtu husema "nihamishie nyimbo kwenye simu" na maana yake ni nakala. Kwenye kompyuta tofauti ni kubwa. Ukinakili, faili liko mahali pawili. Ukihamisha, liko mahali pamoja tu, na kadi inabaki tupu. Kijana alifuata neno: alikata mafaili kwenye kadi akayabandika kwenye diski. Kazi ilikwenda vizuri, hakuna kilichopotea, lakini sentensi ya tatu, ile ya kutofuta kadi, ilikuwa imekwisha kuvunjwa na sentensi ya kwanza. Kwa siku nzima video ile ingekuwa inategemea diski moja. Na diski hufa.

Toleo jingine liliacha "nakili" likabadilisha "futa" kuwa "safisha". Kuna mantiki: tunafuta ubao, tunafuta meza, na ubao uliofutwa ni msafi. Mwanagenzi alisoma: "Mwenye duka akisema, safisha kadi." Akachomoa kadi, akachukua kitambaa laini, akasugua taratibu vile vipande vya shaba, akairudisha kwenye kamera. Tulicheka sote, naye akacheka, lakini alikuwa ametii maandishi. Safari hii kosa la maneno lilikuwa la heri, kwa sababu kadi ilibaki na data zake. Lingekuwa kinyume chake, mtu aambiwe kuondoa vumbi na neno lililoandikwa liwe "futa", asingecheka mtu.

Mfano wa tatu unahusu neno "badilisha". Faili la video lina majina mawili ambayo watu huyachanganya: kontena na kodeki. Kontena ni kama sanduku. Ndani yake mna picha, sauti, na wakati mwingine maandishi ya tafsiri. MP4, AVI, MOV na MKV ni makontena. Mradi unaohusika na MKV unaitwa Matroska, jina lililotokana na wale wanasesere wa Kirusi ambao mmoja hukaa ndani ya mwingine, na sidhani kama kuna maelezo mazuri kuliko hayo. Kodeki ni namna picha zenyewe zilivyobanwa na namna zitakavyofunguliwa. H.264, iliyotolewa mwaka 2003, ni kodeki mojawapo inayotumika sana. Kontena moja laweza kubeba kodeki tofauti, ndiyo maana mteja huja na MP4 mbili, moja ikacheza kwenye televisheni yake na nyingine ikakataa.

Ukurasa wa asili ulisema: "Geuza faili la MOV kuwa MP4 kwa kutumia programu ya kugeuzia." Toleo moja lilifupisha: "Badilisha MOV iwe MP4." Kijana alibofya jina la faili, akafuta herufi tatu za mwisho, akaandika mp4. Kwa Kiswahili alikuwa amebadilisha. Kwa faili, hakuna kilichotokea ndani. Ni sawa na kubandika karatasi yenye neno "sukari" kwenye kopo la chumvi. Matoleo mawili pia yalitumia "muundo" mara kwa kontena na mara kwa kodeki, ili "lisirudiwe neno gumu". Msomaji asiyejua atadhani anazungumziwa kitu kimoja, na swali la mteja wa televisheni halitajibika kamwe.

Baada ya siku hiyo nilikuwa na jambo la kuwaambia wenzangu, nao walilipokea vizuri kwa sababu lilitoka kwenye mikono ya msomaji na si kwenye maoni yangu. Hatukusema kwamba visawe havifai. Vipo vinavyofaa hata katika kazi ya ufundi. "Kompyuta", "tarakilishi" na "ngamizi" ni maneno matatu, lakini mashine ni moja, iko mezani, unaweza kuinyooshea kidole. Wale vijana huita picha "foto" na mashine huita "masini", na dukani hakuna aliyewahi kupotea kwa sababu hiyo. Tofauti ya maneno ya nchi na nchi haimsumbui mfanyakazi mradi kitu kinachotajwa hakibadiliki. Hatari huanza pale maneno mawili yanapofanana katika kamusi huku yakitaja vitendo viwili tofauti kwenye mashine.

Tulichosoma darasani kuhusu visawe kilieleweka hapo. Tulikuwa tumeambiwa kwamba visawe kamili ni vichache mno, na mfano ulikuwa "kufa" na "kufariki". Mtu hufa na mtu hufariki, lakini simu hufa tu. Ukisema simu imefariki, watu watakuuliza maziko ni lini. Nilipousikia mfano huo mara ya kwanza nilidhani ni suala la adabu na ladha ya lugha. Katika maandishi ya ufundi si ladha. Neno limefungwa kwenye kitendo, kama ufunguo ulivyofungwa kwa kufuli lake. Ufunguo wa jirani unaweza kufanana nao kwa umbo na rangi, na mlango usifunguke.

Kuna mwenzangu aliyeleta hoja nzuri. Alisema kwamba hapa Uganda, katika vibanda vya video, kuna watafsiri wa filamu ambao huzungumza Kiganda juu ya sauti ya filamu ya kigeni, na hubadilisha wapendavyo. Mji wa Marekani huweza kugeuka mtaa wa Kampala, na watazamaji hufurahi. Kwa nini wao waruhusiwe na sisi tukatazwe? Jibu tulilokubaliana ni kwamba mtazamaji wa kibandani anataka kuburudika na kufuata kisa, na mtafsiri ana uhuru mradi kisa kinafika. Msomaji wa ukurasa wa ukutani anataka kujua kidole chake kibonyeze nini. Uhuru wa kubadilisha maneno hupimwa kwa kile msomaji atakachofanya akimaliza kusoma.

Hoja hii inatugusa sisi wanafunzi kwa namna nyingine. Wengi wetu tumewahi kuona kazi ambayo aya ya kitabu imechukuliwa, ikabadilishwa neno moja baada ya jingine, ikawasilishwa kama mpya. Siku hizi programu hufanya hivyo kwa sekunde chache. Kazi kama hiyo huonekana nzuri mpaka mtu ajaribu kuitumia. Anayebadilisha neno bila kulijua jambo hana namna ya kujua ni kisawe kipi kimepotosha, kwa sababu vyote vinamwonekania sawa. Mtu anayeijua kazi huona mara moja kwamba "fupisha" hapa hapaendi. Kwa hiyo zoezi la visawe, likifanywa kwa uaminifu, linapima kama mwandishi anakijua kitu chenyewe, na ndiyo sababu naona ni zoezi zuri lisilopaswa kuachwa.

Darasani tuliwasilisha matoleo matatu pamoja na matokeo ya jaribio, kisha tukapendekeza njia ya nne. Majina na vitenzi vya kazi vibaki vilevile kila vinapotokea: nakili, futa, bana, gawa, geuza, kontena, kodeki, fremu. Kinachobadilika kiwe maelezo yanayozunguka maneno hayo. Badala ya kutafuta kisawe cha "bana", ongeza sentensi: "Kubana hakukati sehemu yoyote ya video, hupunguza ukubwa wa faili tu." Badala ya kutafuta kisawe cha "nakili", sema: "Ukimaliza, faili liwe mahali pawili." Hapo mwandishi bado anatumia maneno yake mwenyewe, bado anaonyesha utajiri wa lugha, na msomaji hapotezi njia. Mhadhiri alituuliza kama kurudia neno hakutachosha. Mmoja wetu alijibu kwamba mtu anayefuata maelekezo huku ameshika kadi ya maziko ya baba wa mtu mwingine hachoki kwa kukutana na neno lilelile, anapata utulivu.

Shangazi aliletewa toleo hilo la nne. Alilisoma na wanagenzi wake, wakaongeza wao wenyewe mstari mmoja kuhusu FAT32 kwa sababu ndilo tatizo linalowarudia mara nyingi. Karatasi ya zamani iliondolewa. Katika mpya, neno "nakili" limeonekana mara sita na neno "bana" mara tano, na hakuna aliyelalamika kuhusu msamiati.

Kiswahili kinahitaji maandishi mengi ya aina hii, na sisi tunaokisoma katika nchi jirani tuko karibu na watu wanaoyahitaji kuliko tunavyodhani. Gereji, zahanati, duka la simu na kibanda cha kuhariri video vyote vina mtu anayesubiri maelekezo katika lugha anayoielewa. Tukienda huko tusiende na orodha ya visawe tu. Tumwombe anayefanya kazi aifanye mbele yetu, tusikilize anakiitaje kila kitu, tuchague neno moja kwa kila kitendo, kisha tumkabidhi mtu mwingine karatasi na tutazame mikono yake.